Tisini na Nane ya Mama Tekla

Kazi ya unesi nimeifanya miaka ishirini na sita kwenye kituo hiki hiki kimoja, na kitu nisichokiweza mpaka leo ni kuambiwa "tulia, Sista". Nitulie nina nini? Mtu analetwa kwenye machela ya mianzi, anahema mara thelathini na sita kwa dakika, ananiita kwa jina la marehemu bibi yake, halafu mimi nitulie! Kutulia wanaweza waliokaa barazani wakitafuna popoo.

Ndivyo alivyoletwa Apolonia, Ijumaa asubuhi, kaka zake watano wakipokezana machela kutoka kijijini kule juu kilimani. Wiki moja nyuma alikatwa na tumbawe kwenye kisigino, akapaka majani, akaendelea na mambo yake. Kidonda kikafunga kwa juu, lakini chini kikabaki kinachemka. Sasa maambukizi yalikuwa yameingia kwenye damu na kusambaa mwili mzima. Vitabu vinaita sepsisi. Mimi siiti jina, nakimbia.

Nikakimbia. Dripu mkono wa kushoto, antibiotiki ndani, na kwenye kidole cha mkono wa kulia nikambana kile kibanio cha kupima oksijeni ya damu. Mwanga mwekundu unapita kidoleni, namba inatokea kwenye kioo. Mtu mwenye afya yake ni tisini na saba, tisini na nane. Ya Apolonia ilikuwa themanini na tatu. Nikawasha mashine ya oksijeni, ile ya umeme wa jua, nikaifungua mpaka mwisho, lita tano, na baada ya nusu saa namba ikafika tisini na moja.

"Tisini na moja si mbaya," akasema Dokta Kerenga.

Dokta Kerenga ni kijana wa Simbu, milimani huko bara, na alikuwa na wiki tatu tu kwetu. Watu wa bara tunawaita Wekundu, kwa sababu wakisimama karibu na sisi wa kisiwa hiki cha Bougainville ndivyo wanavyoonekana, na weusi wetu sisi tunajivunia, hatumwombi mtu radhi. Hakukasirika hata siku moja kuitwa Dokta Mwekundu. Alijibu tu kwamba umeme ukikatika anatutafuta kwa weupe wa meno yetu.

"Mwanangu," nikamwambia, "kibanio hiki kinapenda kutusifia sisi weusi. Kikisema tisini na moja, kwenye damu huenda ni themanini na nane. Mimi kwa watu wetu natoa tatu, ndipo naamini."

"Hesabu hiyo nani kakufundisha?"

"Wagonjwa walionifia wakiwa na namba nzuri."

Hakubisha. Alichukua kalamu akaiandika kwenye faili, na hapo ndipo nilipoanza kumpenda.

Tukapanga hivi. Barabara ya kwenda Buka mjini ipo kwenye ramani, ila mito haijaambiwa, kwa hiyo mgonjwa wa kupelekwa hospitali kubwa anakwenda kwa boti, saa mbili na nusu baharini, na mawimbi ya wiki ile yalikuwa yanarusha watu kama magimbi kwenye kikapu. Lukasi, nahodha wetu, angekaa pwani na boti yake tayari, na ndani yake ule mtungi mkubwa wa oksijeni wa safari, unaobebwa na wanaume wawili. Namba ikipanda, Apolonia anabaki. Ikishuka, tunampakia, mawimbi au hapana.

Na mama yake? Mama Tekla alikuwa amekaa kando ya kitanda tangu asubuhi, ameushika mkono wa kulia wa mwanawe. Tekla ni rika langu, tumeanza darasa la kwanza pamoja, na ninamjua: akishika kitu haachii. Amezaa wavulana watano na msichana mmoja. Kwetu ardhi haipiti kwa mvulana, ukoo haupiti kwa mvulana, kila kitu kinapita kwa binti. Lakini nisiwadanganye kwamba alikuwa anawaza ardhi. Alikuwa anawaza mtoto wake.

"Dada Gorethi," akaniuliza, "atapona?"

"Vidole vyake ni vya baridi mno," nikamwambia. "Kibanio hakisomi vizuri kidole cha baridi. Mshike mkono, uufunike na blanketi, umpashe moto."

Ni mimi niliyesema. Kumbukeni hilo, maana mwenyewe nimelikumbuka sana.

Sasa, ndugu. Mgonjwa wa kwetu haji peke yake. Saa nne, nusu ya kijiji ilitaka kuteremka kuja kukaa chini ya madirisha yangu, wapike, waimbe, wavute sigara, wamuulize Apolonia kila dakika anaendeleaje. Nikapiga kelele hapana! Mjomba Albinusi tu, kaka yake Tekla, ndiye nilimruhusu, kwa kuwa yeye ndiye mkubwa wa ukoo na hakuna nesi aliyezaliwa wa kumfukuza. Akakaa nje ya dirisha, mgongo ukutani, karibu na ngoma ya gogo ya kituo, ile tunayoitia kina mama siku ya kupima watoto.

"Wale wa juu watajuaje hali?" akauliza.

"Watasubiri."

"Sista, watu mia na hamsini hawawezi kusubiri bila kujua wanasubiri nini." Akaitazama ngoma, akaitazama namba kupitia dirishani. "Hiyo ni nini, tisini na moja? Basi nitapiga moja. Ikiwa tisini na mbili, nitapiga mbili."

"Na ikishuka chini ya tisini?"

"Nanyamaza. Chini ya hapo ngoma hii ina neno moja tu, na hilo silipigi."

Nilicheka, Mungu anisamehe. Nikaona ni wazo zuri kuliko watu mia na hamsini dirishani. Kila saa moja nilisoma namba kwa sauti, na Mjomba Albinusi akapiga. Du! Moja. Kule juu wakajibu kwa kelele. Saa nane ya mchana, du-du! Kelele zikazidi. Jioni ilipofika kijiji kizima kilikuwa kinafuata oksijeni ya Apolonia kama fainali ya raga. Wavulana walikuwa wanashuka na kupanda kuuliza kama tutafika tano kabla ya chakula. Dokta Kerenga alisema tangu azaliwe hajaona mgonjwa mwenye mashabiki.

Jumamosi asubuhi tulianza na mbili, tukaenda tatu. Halafu saa mbili nikasoma tisini kamili, na ngoma ikanyamaza. Saa tatu, themanini na tisa. Ikanyamaza tena, na kule juu nako kukawa kimya. Dokta alimsikiliza kifua, akaongeza maji ya dripu, akabadilisha dawa moja. Nikamtuma mtu kwa Lukasi akae tayari. Mama Tekla alikuwa anasikiliza ule ukimya kwa kichwa kilichoinama, na mimi nilipomwambia nakwenda mara moja kupima watoto kliniki, hakuinua macho.

Nilikuwa na mtoto wa tatu kwenye mizani, anapiga mateke, nilipoisikia. Du-du-du-du! Nikasimama. Du-du-du-du! Nane! Nikahesabu tena kwa vidole. Tisini na nane!

Jamani, niliweka yule mtoto mikononi mwa mama yake na nikacheza. Sikatai. Nesi mkuu, miaka hamsini na mbili, na sare yangu ya buluu, nimecheza katikati ya kliniki mpaka kiatu kimoja kikatoka. Kina mama wakapiga vigelegele. Kule juu ilikuwa kama paa la dunia limefunguka: kelele, filimbi, na bendi ya mianzi ikaanza, ile ya kupiga mabomba ya mianzi kwa kandambili, inayosikika mpaka baharini. Na katikati ya muziki nikasikia sauti ya nguruwe, akipiga yowe mara moja halafu akakatika.

"Wameshamchinja!" akasema mama mmoja, akicheka mpaka machozi. "Hawa watu hawana subira!"

Nilirudi wodini nikichechemea na kiatu mkononi. Nje nikakutana na Dokta Kerenga, uso unang'aa kwa furaha. Alikuwa ameshapunguza oksijeni kutoka lita tano mpaka mbili, kwa sababu huo ndio utaratibu, mtu wa tisini na nane hahitaji nyingi. Na Lukasi? Alikuwa ameshamruhusu aende. Alikuwa na chanjo za kuchukua mjini, ameondoka na mtungi na kila kitu, injini unaisikia bado kwa mbali.

"Vizuri," nikasema, nikaingia ndani.

Nikamtazama Apolonia.

Siwezi kuwaeleza vizuri kilichonishika. Namba kwenye kioo ilikuwa pale pale, tisini na nane, inang'aa. Lakini msichana alikuwa anahema kwa mabega. Nikahesabu: thelathini na nane kwa dakika. Shingo inavutika ndani kila anapovuta pumzi. Midomo ya mtu wetu haikuambii kitu, kwanza ni myeusi, pili popoo imeshaipaka rangi, kwa hiyo mimi huangalia ndani ya kope la chini. Nikalivuta. Kijivu.

"Hii tisini na nane ni ya nani?" nikauliza.

Mama Tekla alikuwa anatazama ukuta.

Nikashika pembe ya blanketi, nikalifunua. Mikono miwili imeshikana, ule mwembamba wa Apolonia na ule mnene wa mama yake, na kibanio kilikuwa kimekaa vizuri kabisa kwenye kidole cha Mama Tekla.

"Tekla!"

"Usinipigie kelele, Gorethi."

"Nisikupigie kelele? Wee Tekla, umefanya nini? Umemdanganya dokta, umeidanganya ngoma, umenichezesha mimi na kiatu kimoja! Unataka kumuua mtoto?"

Akasimama. Tekla akisimama ni mtu mrefu. "Sijamdanganya mtu! Walitaka kupima damu, nimewapa damu. Damu aliyonayo Apolonia ameitoa wapi? Kwa baba yake? Baba yake alileta nguruwe na shoka, akaleta na mdomo wake. Damu ni yangu! Mimi nimeipata kwa mama yangu, nikampa yeye. Ni ile ile. Yake imechoka, ikawa haisomeki, nikasema watumie yangu. Kwani ni tofauti?" Halafu sauti ikamvunjika. "Ngoma ilikuwa imenyamaza mara mbili, Gorethi. Kule juu shangazi zake walikuwa wameshatoa chokaa ya kujipaka usoni. Nimeona mmoja kutoka hapa dirishani. Mwanangu anahema na wao wanachanganya chokaa ya msiba!"

Hasira ikanitoka. Kwa sababu mimi pia ni wa ukoo, mimi pia ndivyo nilivyolelewa. Nyumbani kwangu ukimwuliza mtu yeye ni nani anakutajia mama yake. Hata mimi, na cheti changu ukutani, nikiumwa husema damu ya mama yangu inaniuma. Tekla hakuwa anaiba namba. Alikuwa anatoa alichonacho.

Nikamvua kibanio, nikakibana kwenye kidole cha Apolonia. Tulisubiri, sisi watatu na Dokta aliyekuwa ameingia mbio. Kioo kikawaza, kikawaza. Themanini na nne.

"Toa tatu," akasema Dokta Kerenga kwa sauti ya chini.

Akaruka kwenye mashine, akairudisha lita tano. Tukamkalisha Apolonia, mito mgongoni. Themanini na tano. Themanini na tano. Themanini na nne. Mashine ilikuwa imefika mwisho wake, na mtungi mkubwa ulikuwa baharini, unaondoka.

"Mpigie Lukasi simu," akasema Dokta.

"Mtandao uko wapi huku, mwanangu? Upo juu ya mnazi wa Padri." Nikaenda dirishani. "Mjomba! Piga ngoma boti irudi!"

Mjomba Albinusi alikuwa amesikia kila kitu, uso wake umekuwa mzito. "Sista, ngoma hii imesema nane."

"Imesema uongo!"

"Ndiyo shida yenyewe. Neno la ngoma halifutwi hivi hivi. Nikiita boti sasa, watu wote wa pwani watajua ile nane haikuwa nane. Ngoma ikifuta neno, lazima nguruwe achinjwe kwanza, ndipo ipige neno jipya. Ni hivyo tangu babu zangu. Nguruwe nitamtoa wapi dakika hii? Mpaka akamatwe, mpaka afungwe..."

Nilitaka kumrushia kile kiatu. Halafu nikaipata harufu. Ilikuwa inashuka kutoka kilimani pamoja na muziki, harufu ya manyoya yanayochomwa.

"Mjomba," nikasema, "yule nguruwe aliyepiga yowe sasa hivi amefanya nini?"

"Amechinjwa."

"Kwa ajili ya nini?"

"Kwa ajili ya tisini na nane."

"Tisini na nane ipo?"

Akafikiri. "Haipo."

"Basi yule ni nguruwe wa nini?"

Mjomba Albinusi alinitazama, akatazama kilimani, na nikaona jambo linampambazukia polepole usoni. "Lo! Huyo hana kazi!" akasema. "Kumbe tumeshalipa!"

"Mmeshalipa! Piga!"

Akakamata mti wake wa kupigia kwa mikono miwili. Sijawahi kumsikia anapiga hivyo. Ni mdundo wa kuwaita watu baharini warudi nyumbani, mrefu, halafu mfupi mfupi, halafu mrefu. Bendi ya mianzi ikakatika katikati ya wimbo. Injini ya Lukasi ilikuwa karibu haisikiki tena, na mtu aliyekaa juu ya injini hasikii ngoma, hilo tulilijua sote. Lakini kijiji kinachofuata kilisikia. Ngoma yao ikaupokea mdundo. Halafu cha pili yake, kwenye rasi. Ukawa unatangulia pwani, unamkimbiza Lukasi, unampita.

Na sasa sikilizeni jambo hili. Mjomba alipoondoka dirishani kwenda kwenye ngoma, ikawa hakuna mwanamume wa ukoo anayeona ndani. Dokta akasema anataka kuuona mguu wote. Mama Tekla akatazama dirisha, akaona ni tupu, akalishusha blanketi mwenyewe mpaka chini. Nyuma ya paja, juu kidogo ya goti, kulikuwa na uvimbe wa ukubwa wa yai la bata, mwekundu kwa ndani, umeiva.

"Mama!" Dokta Kerenga akashika kichwa. "Tangu jana nauliza kama kuna uvimbe mwingine! Mbona hamkuniambia?"

"Mjomba wake alikuwa dirishani," akasema Mama Tekla, akimshangaa kwa kuuliza. "Nimfunue binti paja mbele ya mjomba wake? Nyinyi huko kwenu hamna haya?"

"Sista, na wewe?"

Niliangalia kisigino, nikaangalia mguu mpaka goti, nikafuata adabu. Miaka ishirini na sita kazini, na nilifuata adabu. Tangu siku ile mjomba yeyote anayekuja kituoni kwangu anakaa upande wa jikoni, apende asipende.

Dokta alipiga ganzi, akapasua. Usaha ulitoka nusu kikombe. Sitaeleza harufu, wengine mnaweza kuwa mnakula. Apolonia aliguna mara moja, mguno wa hasira kabisa, na mimi nikaupenda kuliko wimbo, maana mtu anayekasirika yupo.

Themanini na tano. Nilikaa na mkono kwenye kifua chake, nikimhesabia kwa sauti, vuta, toa, vuta, toa. Mama Tekla alirudi kushika mkono ule ule, ila safari hii aliushika kwenye kifundo, vidole akaviacha wazi ili kila mtu avione. Akawa anahema pamoja naye bila kujijua, mpaka nikamwambia apunguze, ataanguka.

Lukasi alifika baada ya dakika arobaini, amelowa kuanzia kichwani, anafoka. Kumbe kwenye rasi alikuta wanawake wote wa kijiji wamesimama miambani wanapeperusha nguo, akadhani wamevamiwa. "Nimegeuza boti nikiwa natetemeka!" akasema. "Mtu ukiona bibi wa miaka themanini amevua nguo ya juu anaizungusha hewani, unawaza nini?" Kaka watano wa Apolonia walikuwa wameshashuka kwa mbio, na mtungi ule uliozoea kubebwa na wawili uligombewa na watano, ukaja wodini unaning'inia hewani.

Tukamvika barakoa yenye mfuko, tukafungua lita kumi na mbili. Nikasimama mbele ya kioo. Themanini na sita. Themanini na nane. Ikakaa hapo mpaka nikaanza kuitukana. Tisini. Tisini na moja. Dirishani Mjomba Albinusi alikuwa ameshika mti wake, ananitazama, ametoka jikoni kwa wizi.

"Hupigi," Dokta Kerenga akamwambia. "Hupigi kitu mpaka niseme. Hatutangazi chini ya tisini na saba, halafu tunatoa tatu."

"Amekuwa mweusi huyu," akasema Mjomba kwa heshima.

Hatukumpakia kwenye boti. Mchana bahari ilichafuka zaidi, na homa ikaanza kushuka, presha iliyokuwa chini ikapanda, pumzi zikawa thelathini, kisha ishirini na sita. Jioni tuliufunga mtungi, tukarudi kwenye mashine yetu. Kijiji chote kilikuwa kimeshateremka sasa, na nguruwe wao wa kufutia neno, wamemwivisha kwa mawe ya moto pamoja na viazi vitamu na tui la nazi. Nani wa kuwafukuza? Shangazi mmoja alikuwa na chokaa bado nyuma ya sikio, na nilipomwonyesha kwa kidole aliifuta haraka akasema ni ya kutafunia popoo. Kila mtu alicheka mpaka na yeye akacheka.

Jumapili, watu walipokuwa wanatoka misa, nilisoma tisini na saba kwa lita mbili tu. Nikamgeukia Dokta. Akahesabu pumzi mwenyewe, dakika nzima kwa saa ya mkononi, akavuta kope, akaona nyekundu. Akanyoosha kidole gumba kuelekea dirishani, na Mjomba Albinusi akapiga nne. Nne tu, nne za kweli. Kelele zilizotoka nje sijui kama hata ile nane ilizipata.

Mama Tekla hakupiga kelele. Aliinama karibu na kile kidole, akakichungulia kibanio kwa makini kutoka juu, kisha kutoka ubavuni.

"Gorethi. Hii ni yake?"

"Ni yake."

"Yangu haimo kabisa?"

"Hata tone, Tekla. Ni yake mwenyewe, anahema mwenyewe."

Akatikisa kichwa. Machozi yalikuwa yanamdondoka kwenye blanketi na alikuwa hajali. "Yake mwenyewe," akasema. Akaushika ule mkono kwa nguvu zaidi, kwa mikono yote miwili, akaubana kifuani.

Apolonia akafumbua macho. Alitazama dari, akanitazama mimi, akatazama umati wa vichwa dirishani, na mwisho akamtazama mama yake. Akaivuta barakoa chini kidogo.

"Mama," akasema, sauti imekauka lakini kali. "Niachie mkono. Tangu lini umenikaba hivyo? Unaniumiza, bwana."

Mama Tekla akauachia. Akasimama wima, akafungua mlango wa wodi, akatoka kwenye jua mbele ya watu wote, na ngoma ilikuwa bado inalia lakini sauti yake iliipita.

"Amenigombeza!" akapiga kelele. "Jamani, njooni msikie! Mwanangu amenigombeza!"